Nusu Ukurasa wa Ujana wa Shakespeare

Niliombwa nusu ukurasa, nikatumia wiki tatu. Kikundi kimoja cha maigizo cha hapa Moshi, watu kumi na wanne wanaokutana Jumamosi mchana kwenye ukumbi wa kuazima, kinajiandaa kuigiza Juliasi Kaizari, ile tafsiri ya Mwalimu Nyerere ya tamthilia ya Mwingereza William Shakespeare, iliyotoka mara ya kwanza 1963 na kutoka tena kwa jina hilo, ikiwa imesahihishwa, 1969. Watazamaji watapewa mlangoni karatasi ya maelezo, na ndani yake kuna nafasi ya maisha ya mtunzi. Nimefundisha fasihi miaka mingi, na mstaafu siku zote hudhaniwa hana shughuli. Kazi ikaniangukia.

Kabla sijashika kalamu nikawa tayari katikati ya ugomvi. Katibu wa kikundi, binti aliyemaliza kidato cha sita juzijuzi kwa mchepuo wa HKL (Historia, Kiswahili na Kiingereza), alitaka niandike hasa ile miaka saba ambayo William Shakespeare hajulikani alikuwa wapi. "Mwalimu, hapo ndipo penye utamu," alisema. "Watu wanapenda kusikia mtu alipotea, halafu akaibuka mkubwa." Mwongozaji wa mchezo, rika langu, akasema nisiandike chochote. Kwake yeye maisha ya mtunzi ni kama maisha ya fundi aliyechonga ngoma: ukianza kumwuliza alikunywa nini asubuhi, hutacheza. Akaongeza kwamba aliyetafsiri tunamjua, tangu Butiama alikozaliwa 1922 hadi shule ya Mwisenge alikoanza 1934 akiwa na miaka kumi na miwili. Aliyeandika hatumjui, na bado maneno ya wote wawili yanasimama jukwaani sawasawa. Hoja hiyo ina uzito, nitairudia.

Halafu kijana mmoja, katika wale wanaomchoma Kaizari visu, akaja na simu mkononi. Ameona video. Shakespeare wa Stratford, ule mji wa Uingereza alikokulia, anasema, hakuandika lolote. Alikuwa jina la kukodisha tu.

Mimi nilikwenda kwanza kwenye karatasi zilizobaki, nikaona ni nyingi kuliko watu wanavyodhani. Kitabu cha ubatizo cha kanisa la Utatu Mtakatifu, Stratford-upon-Avon, kinasema kwa Kilatini kwamba tarehe 26 Aprili 1564 alibatizwa Gulielmus, mwana wa John Shakespeare. Siku aliyozaliwa haikuandikwa. Ile 23 Aprili inayosherehekewa kila mwaka ni ya kukadiria, na imependwa zaidi kwa sababu ndiyo tarehe aliyokufa, mwaka 1616. Jambo hili huko kwao limeandikiwa kurasa nyingi za mshangao. Huku mlimani halimshangazi mtu. Bibi yangu alikuwa na cheti cha ubatizo kutoka misheni, lakini siku ya kuzaliwa aliijua kwa mavuno ya ulezi. Wazee wengi wa rika la wazazi wangu, walipotakiwa kuonyesha umri wao ofisini, walianzia kwa paroko au mchungaji, akafunua kitabu kikubwa chenye vumbi. Mtu anayejulikana kwa maji ya ubatizo tu, huku kwetu hatumhesabu kama fumbo.

Kitabu hicho hicho cha Stratford, mwezi Julai mwaka ule, pembeni ya jina la mmoja wa waliozikwa, kina maneno matatu ya Kilatini yanayosema: hapa tauni imeanza. Mtoto alikuwa na miezi isiyofika mitatu. Dada zake wawili waliomtangulia, Joan na Margaret, walikufa wadogo. Huyu wa tatu, wa kwanza kati ya wanane kuvuka utoto, akapona. Nilipolisoma hilo nilimwambia binti katibu: kama unatafuta mwanzo wa kumtikisa mtu kitini, huu hapa, na hakuna hata herufi moja ya kubuni.

Lakini penye utajiri hasa ni kwa baba.

John Shakespeare alitoka kijiji cha Snitterfield, akashuka mjini, akawa fundi wa ngozi laini na mshonaji wa glavu. Mara ya kwanza jina lake kuonekana kwenye kumbukumbu za mji, mwaka 1552, anatozwa faini ya shilingi moja kwa kurundika samadi kwenye barabara ya Henley Street. Miaka minne baadaye mji uliomtoza faini unampa kazi ya kuonja pombe, yaani kukagua kama pombe na mikate inayouzwa ina ubora na bei halali. (Nafasi kama hiyo ikitangazwa leo Kibosho, na cha kuonjwa kiwe mbege, foleni ya waombaji itafika barabara ya lami.) Akapanda: diwani 1565, mkuu wa mji 1568, cheo ambacho sisi tungekilinganisha na umeya. Yote hayo akiweka alama badala ya sahihi. Mara nyingine alama yenyewe ilikuwa picha ya bikari, chombo cha fundi glavu.

Kisha akashuka, na kushuka kwake kuna tarehe pia. Alishtakiwa kwa kukopesha kwa riba kubwa kuliko sheria ilivyoruhusu. Alishtakiwa kwa kununua sufu bila kibali, mzigo ambao kwa vipimo vyetu unazidi tani tatu na nusu; hiyo si biashara ya kubahatisha, ni mtu aliyekuwa na godauni na wateja. Kuanzia 1577 haonekani tena kwenye vikao vya baraza. Mwaka 1578 yeye na mkewe, Mary Arden, waliweka rehani kwa pauni 40 ardhi ya Wilmcote ambayo Mary aliirithi. Aliyeishika alikuwa mume wa dada yake Mary. Ardhi haikurudi. Mwaka 1586 John akaondolewa kwenye udiwani kwa kutohudhuria, na 1592 jina lake limo kwenye orodha ya watu wasiokwenda kanisani, pamoja na maelezo kwamba wanaogopa kukamatwa kwa madeni.

Sasa weka umri wa mtoto pembeni ya tarehe hizo. Baba anaacha kuonekana barazani, kijana ana miaka kumi na miwili au kumi na mitatu. Ardhi ya ukoo inakwenda kwa shemeji, ana kumi na minne. Mtu wa Kilimanjaro hahitaji mtaalamu wa kumfafanulia hilo. Kihamba, lile shamba la ukoo, kikiondoka mikononi mwa nyumba, halafu aliyekichukua ni mtu mnayekaa naye meza moja kwenye misiba, watoto wa nyumba ile hukua wakisikia mazungumzo yanayokatika wanapoingia sebuleni. Hapo nakiri nakisia, sina karatasi ya kile kilichosemwa Henley Street. Ninayo karatasi ya rehani tu.

Kuhusu shule hakuna mengi. Stratford ilikuwa na shule nzuri ya Kilatini, watoto wa madiwani walisoma bure, na walimu wake wa miaka ya 1570 wanajulikana kwa majina. Orodha za wanafunzi hazikubaki, za William wala za mtoto mwingine yeyote wa miaka hiyo. Mwaka 1569 baba yake akiwa mkuu wa mji, vikundi viwili vya waigizaji vilipita Stratford na kulipwa kutoka mfuko wa mji, kimoja shilingi tisa na kingine shilingi moja. Mtoto alikuwa na miaka mitano. Kama alikaa magotini pa baba akitazama, hakuna aliyeandika.

Mwaka 1582, akiwa na miaka kumi na minane, anaoa. Anne Hathaway ana ishirini na sita, tena ana mimba ya miezi mitatu. Kwa kawaida ndoa ilitangazwa kanisani mara tatu, kama tunavyotangaziwa mpaka leo. Wao walitafuta kibali cha kutangaza mara moja tu, maana Majilio, majira ambayo ndoa hazikutangazwa, yalikuwa mlangoni, na wakulima wawili wakaweka dhamana ya pauni 40 kwamba ndoa haina kizuizi. Susanna alibatizwa 26 Mei 1583. Mapacha, Hamnet na Judith, 2 Februari 1585. Baba wa watoto watatu kabla ya kufikisha miaka ishirini na moja, katika nyumba ambayo mkuu wake anajificha wadai.

Halafu kimya. Hadi 1592, London, kijitabu kilichotolewa kwa jina la mwandishi Robert Greene, aliyekwisha kufa, kinapomtukana mwigizaji mmoja kuwa kunguru aliyejitokeza juzi akiwa amejipamba manyoya ya wenzake, na jina lake linapindwa kwa dhihaka ili kila msomaji ajue ni nani. Mtu hatukanwi hivyo kama hajaanza kuwanyima wengine usingizi. Katikati ya hapo kuna karatasi moja tu ninayoijua, ya mwaka 1588, kesi ya kuidai ile ardhi ya Wilmcote, ambamo William ametajwa pamoja na wazazi wake. Haituambii alikuwa akilala wapi. Inatuambia kwamba miaka kumi baada ya rehani nyumba ile ilikuwa bado haijakubali.

Nina baba mdogo aliyepotea miaka sita. Aliondoka nyumbani kwetu asubuhi moja na begi la shule la mtu mwingine, tukasikia yuko Mererani, kwenye tanzanaiti. Aliporudi alikuja na pikapu nyeupe na meno mawili yamepungua. Hadi leo, na yeye yu hai, anakaa hatua mia mbili kutoka kwangu, kuna hadithi nne za miaka ile. Moja inasema alikuwa mwanaapolo, mchimbaji mdogo wa kawaida, akaangukiwa na bahati. Ya pili inasema hakuwahi kushuka shimoni, alikuwa mpishi. Ya tatu inamweka Nairobi, na ya nne inamweka mahabusu. Anayesimulia ile ya mahabusu ni yule aliyewahi kumnyima mkopo. Ndiyo maana ninapozisoma hadithi za miaka saba ya Shakespeare, kabla ya kuuliza kama ni kweli huuliza kwanza nani aliisimulia na lini.

Hadithi inayopendwa kuliko zote ni ya ujangili: kwamba kijana aliiba kulungu kwenye shamba la tajiri mmoja, Sir Thomas Lucy wa Charlecote, akachapwa, akamtungia tajiri mashairi ya kumkejeli, ikabidi akimbilie London. Ilichapishwa 1709 na Nicholas Rowe, miaka tisini na mitatu baada ya mtunzi kufa, kwa habari alizokusanyiwa na mwigizaji aliyesafiri hadi kwao kuulizia. Binti katibu anaipenda. Naelewa kwa nini: inatupa kijana maskini, tajiri mkali, na sababu moja ya kuondoka. Lakini mtu aliyewahi kuondoka kijijini anajua sababu haiwi moja. Na sioni haja ya kulungu wakati kuna madeni ya baba, watoto watatu na mji usio na kazi ya kutosha.

Ya pili imeandikwa na John Aubrey, mkusanyaji wa habari za watu wa karne ya 17: kwamba Shakespeare aliwahi kuwa mwalimu wa shule huko vijijini. Hii ina ukoo mzuri zaidi. Aubrey aliipata kwa William Beeston, ambaye baba yake aliigiza katika kikundi kimoja na Shakespeare. Yaani ni habari iliyopita midomo miwili, mitatu, si karne nzima. Nikiri udhaifu wangu: mimi ni mwalimu, na hakuna hadithi ninayotamani iwe kweli kama hii. Kwa sababu hiyo hiyo nimeiwekea alama nyekundu.

Ya tatu ni ya wasomi zaidi. Mwaka 1581 tajiri Mkatoliki wa Lancashire, kaskazini, Alexander Hoghton, aliandika wosia akimwomba jamaa yake awatunze watu wawili, mmoja akiitwa William Shakeshafte. Na wosia huo huo unazungumzia vyombo vya muziki na mavazi ya maigizo. Mwalimu wa Stratford wa miaka hiyo, John Cottam, alikuwa mtu wa Lancashire, na mdogo wake, padri, alinyongwa 1582. Ukiviunganisha unapata kijana wa miaka kumi na saba aliyepelekwa na mwalimu wake kwenye nyumba ya Wakatoliki wa siri, akajifunza kuigiza huko. Inavutia sana. Tatizo ni kwamba Shakeshafte lilikuwa jina la kawaida kule Lancashire, kama Mushi huku. (Kwa njia, aliyetafsiri Makbeth na Tufani kwa Kiswahili, miaka ya 1968 na 1969, ni S. S. Mushi, ita jina hilo stendi ya Moshi uone wanageuka wangapi.) Tena mwisho wa kiangazi cha 1582 William lazima awe amerudi karibu na Stratford, kwa ushahidi wa Susanna.

Nyingine nazipita: ya kushika farasi wa matajiri nje ya ukumbi wa maigizo, ya uaskari, ya ukarani wa wakili. Hizi mbili za mwisho zimezaliwa na tamthilia zenyewe. Anajua sheria, basi alikuwa karani. Anajua vita, basi alikuwa askari. Anajua bahari, basi alikuwa baharia. Hapa ndipo mwongozaji wetu alipopiga meza, na alikuwa sahihi. Ukiyachota maisha kutoka kwenye tamthilia, kisha ukayatumia maisha hayo kuielezea tamthilia, umejaza ndoo kwa maji ya ndoo ile ile.

Nilimkatalia kwenye jambo moja. Glavu si kama bahari. Ngozi imo kwenye karatasi za mji kabla hatujafungua tamthilia yoyote. Ndipo tukifungua tunamkuta mchekeshaji akisema kwamba sentensi kwa mtu mwerevu ni kama glavu ya ngozi laini ya mwanambuzi, huigeuza ndani nje mara moja. Mahali pengine mtu anaelezwa ana ndevu za mviringo kama kisu cha kukatia ngozi cha fundi glavu. Katika tamthilia ya uzeeni mwake, mchunga kondoo anasimama jukwaani akipiga hesabu ya sufu ya kondoo 1,500, kumi na mmoja wakitoa kipimo kimoja, kipimo kikileta pauni na shilingi, anakwama. Anayejua bei za sufu hivyo alizisikia mahali, na sisi tunajua mahali penyewe. Mtu aliyekulia karibu na mashine za kukoboa kahawa hapa mjini, mpe shairi lolote aandike, harufu itapenya.

Kijana wa simu naye asikilizwe, maana maswali yake si ya kijinga. Baba aliweka alama. Binti yake Judith naye aliweka alama. Wosia wa 1616 hautaji kitabu hata kimoja. Hakuna cheti cha shule. Sahihi zilizobaki ni sita. Inakuwaje mtu wa hivi aandike yale? Shaka hiyo ilipata nguvu kwa kitabu cha Delia Bacon cha 1857, na 1920 ikapata mgombea mpya, Edward de Vere, mwenye cheo cha ukabaila cha Oxford.

Nimempa majibu mawili. La kwanza ni la tarehe: de Vere alikufa 1604, na tamthilia mpya ziliendelea kutoka miaka kadhaa baadaye. La pili ni wosia wenyewe. Shakespeare wa Stratford aliwaachia waigizaji watatu wa London, Richard Burbage, John Heminges na Henry Condell, fedha za kununulia pete za ukumbusho. Mwaka 1623 Heminges na Condell ndio waliokusanya tamthilia za mwenzao na kuzitoa kwa jina lake. Mtu wa Stratford na mtu wa London wameshikana mikono kwenye karatasi ya mahakama.

Lakini kuna kitu chini ya shaka hiyo ambacho nilimwambia kijana bila kupaka sukari. Wanaoikuza huanza na vyeti, na ukiwafuata hadi mwisho unakuta wanachoshindwa kukubali ni kwamba mtoto wa fundi ngozi aliandika juu ya wafalme. Christopher Marlowe, aliyezaliwa mwaka ule ule wa 1564, alikuwa mtoto wa fundi viatu, ingawa yeye alifika Cambridge. Ben Jonson alilelewa na baba wa kambo mwashi, hakumaliza chuo chochote, na ndiye aliyemtania Shakespeare kwamba Kilatini chake ni kidogo na Kigiriki ni kidogo zaidi. Mji huu wetu, ambao una watoto wangapi wa wauza ndizi wa Mbuyuni wenye shahada na vitabu, ungekuwa wa mwisho kuinunua hoja ile. Kijana alicheka, akasema baba yake ni fundi viatu. Sikujua.

Katika wiki ya pili nikakutana na mtu aliyenifanya niandike upya kila kitu, Richard Field. Alikuwa mtoto wa mwambaji ngozi wa Stratford, Henry Field, jirani wa biashara wa John Shakespeare. Henry alipokufa 1592, John alikuwa miongoni mwa waliokadiria mali yake. Mwaka 1579 Richard alikwenda London kujifunza uchapaji. Bwana wake, Thomas Vautrollier, mwaka ule ule alichapa tafsiri ya Kiingereza ya maisha ya wakuu wa Roma na Ugiriki, kazi ya Plutarch, mwandishi Mgiriki wa kale. Kutoka kitabu hicho hasa ndimo Shakespeare alimotoa Kaizari wake, Bruto na wenzao, mara nyingine karibu neno kwa neno. Field alirithi karakana ile kwa kumwoa mjane wa bwana wake, akaichapa upya Plutarch 1595, na kabla ya hapo, 1593, alichapa shairi refu la mtu wa kwao, Venus and Adonis, kitabu cha kwanza kutoka na jina la William Shakespeare ndani yake.

Basi hebu angalia. Watoto wawili wa watu wa ngozi, mji mdogo mmoja, wanakutana mjini mkubwa, mmoja ana mashine ya kuchapa na vitabu vya bei ambavyo mwingine asingeweza kununua. Kariakoo nzima imejengwa hivyo. Mchagga anayeshuka basi Dar es Salaam hatafuti hoteli, anatafuta mtu wa kwao mwenye duka. Kama William alilala nyuma ya karakana ya Field kabla ya 1593, hilo ni dhana yangu, na kwenye karatasi ya onyesho halitakuwepo. Lakini 1593 si dhana. Jibu la "alisoma wapi vitabu" limekaa hapo, na linakwenda moja kwa moja hadi kwenye mchezo ambao kikundi chetu kinauigiza.

Uhusiano huo wa mtu na kwao haukukatika. Mwaka 1597 alinunua moja ya nyumba kubwa kabisa za Stratford, kama wanavyojenga wale wanaokuja Desemba. Na barua pekee iliyobaki kati ya zote alizoandikiwa, ya Oktoba 1598, imetoka kwa mtu wa Stratford aliyekuwa London kwa shughuli za mji, Richard Quiney. Anaomba mkopo wa pauni 30. Ilikutwa kwenye makabrasha ya Quiney mwenyewe, kwa hiyo inaelekea haikupelekwa. Nimewahi kuandika barua za namna ile, na nimewahi kuziacha mfukoni.

Kwa hiyo nimesimama upande gani? Mwongozaji ananiambia nimechagua katikati kwa woga, lakini sioni hivyo. Nimekataa miaka saba ya binti kwa sababu kila anayeijaza anajijaza mwenyewe: mwalimu anaona mwalimu, Mkatoliki anaona Mkatoliki, mwenye hasira na matajiri anaona kulungu. Na nimekataa ukimya wa mwongozaji kwa sababu kunyamaza si jambo lisilo na upande. Ukimwonyesha mtazamaji wa Moshi jina la Shakespeare bila samadi ya Henley Street, atajaza mwenyewe bwana wa Kizungu aliyezaliwa kwenye kasri na kalamu ya bata mkononi. Wanafunzi niliowafundisha walikuwa na picha hiyo, na baadhi yao hawakuwahi kuthubutu kuandika mchezo kwa sababu yake. Hoja ya mwongozaji ni kamili pazia likishafunguliwa. Karatasi hii inasomwa mtu akisubiri viti vijae.

Kuna hasara, sikatai. Nilichoandika hakina utamu wa ujangili, na binti ana haki ya kulalamika kwamba tauni, rehani na mchapaji ni habari za huzuni kwa watu waliolipa kiingilio. Amekubali kwa sharti moja, kwamba mwonja pombe asitolewe. Hakutolewa.

Nusu ukurasa umekwisha: ubatizo, tauni, baba kupanda na kushuka, ardhi ya Wilmcote, ndoa, watoto watatu, 1585. Chini yake nimeacha nafasi tupu ya vidole viwili. Kisha 1592, yule kunguru, halafu Richard Field na kitabu alimotoka Kaizari. Jana kijana wa steshenari ya karibu na stendi amenipigia simu kabla ya kutoa nakala mia mbili. "Shikamoo Mwalimu. Hapa katikati naona pamebaki wazi, kuna maneno yamesahaulika? Au niyasogeze yakutane?" Nimemwambia apaache hivyo hivyo.